Kitwitwi Hakuwa Mzima

4 Machi

Dada,

Sikusalimii. Salamu utazipata nikipoa.

Nilikuwa kwa kinyozi. Nusu ya kichwa imeshanyolewa, nusu bado, redio inabwabwaja peke yake kama kawaida, mara nasikia sauti yako. Nikamwambia kinyozi, "Ongeza sauti, huyo dada yangu." Kwa majivuno, unanielewa? Nikajiweka sawa kitini kama mtu anayepigwa picha. Nawe ukasema Kitwitwi hayupo. Hajawahi kuwapo. Dinosaria ambaye watoto wanamchora kwenye vumbi la nchi nzima ni mtoto tu wa Pandikizi, lile dude la ukumbini kwenu makumbusho lenye shingo kama bomba la maji machafu.

Kinyozi akazima mashine. "Kaka," akasema, "mwanangu ana begi la Kitwitwi. Nitamwambia nini?"

Nikasema tusubiri, huenda dada ana maelezo. Mtangazaji akakuuliza imekuwaje watu wakosee muda wote huo. Nakunukuu, na mashahidi ninao, pamoja na mzee aliyekuwa anasubiri kunyolewa ndevu. Ulisema, "Nadhani michoro ilitupotosha."

Michoro! Kana kwamba ina miguu, ilijiendea yenyewe makumbusho, ikabisha hodi, ikaingia kitabuni. Kwenye kila jalada la vitabu vyetu pameandikwa, "Maneno: Shangazi Mifupa. Michoro: Wino." Leo maneno yamekaa pembeni yamekunja nne, michoro ndiyo imesimamishwa kizimbani.

Nimetoka pale na nusu ya nywele. Wifi yako ndiye aliyemalizia kwa mkasi wa jikoni.

Nakuandikia kwa sababu kwenye simu wewe ni mwalimu na mimi ni mwanafunzi. Sentensi yangu hujawahi kuiacha ifike kituo. Hii huwezi kuikatiza. Nijibu: kwa nini niliyasikia kwa kinyozi?

Mdogo wako, kama bado unanihesabu,
Wino


12 Machi

Wino,

Wewe umeninyima salamu, mimi nakupa. Hujambo. Sasa nyamaza unisikilize.

Niliukata mfupa wa paja wa Kitwitwi. Kipande chembamba, nikakisugua mpaka mwanga ukapita, nikakiweka chini ya hadubini. Mfupa wa wanyama hawa una pete kama mti. Mnyama akikoma kukua, pete za nje hubanana. Za Kitwitwi hazikubanana. Zilikuwa wazi, zimejaa mifereji ya damu, mfupa wa kiumbe aliyekuwa anakua mbiombio. Nikakata wa Pandikizi, nikafuata pete zake kurudi ndani, nikamkuta Kitwitwi amelala katikati: mnyama yuleyule, utotoni. Wamesimama ukumbi mmoja miaka yote, mgongo kwa mgongo, mzazi na mtoto, na chini ya kila mmoja kibao chenye jina lake.

Ulitaka nifanye nini? Nimezee?

Mkurugenzi wa makumbusho alitaka nimezee. Alinionyesha sanamu ya langoni, tiketi, vikombe, kofia. "Daktari, mnyama huyu ndiye anayetulisha." Nikamwambia mnyama huyu alikufa kabla hapajawa na mtu duniani, hawezi kulisha hata kunguru. Tangu siku hiyo haniamkii.

Wenzangu nao unawajua. Tangu kitabu chetu cha kwanza naitwa Daktari wa Vikatuni. Nikiingia mkutanoni kuna anayenong'ona, "Shangazi amefika." Nimevumilia, kwa sababu niliamini mtoto akimpenda mnyama wa mawe leo, kesho hatakubali jiwe hilo livunjwe kuwa kokoto. Lakini sikuwahi kuwaahidi watoto hao hadithi. Niliwaahidi ukweli uliochangamka.

Unauliza kwa nini uliyasikia kwa kinyozi. Nilikupigia, hukupokea. Nikapiga tena, hukupokea. Januari nikapanda basi, nikaja kwako nikuambie uso kwa uso. Wifi akasema umelala. Saa nne asubuhi! Nikakaa sebuleni nakunywa chai, naye anautupia jicho mlango wa chumba kama mtu aliyeficha mbuzi wa jirani. Nikaondoka.

Kuhusu lile la michoro, niliulizwa ghafla nikajibu ghafla. Lakini si uongo mtupu. Makala zangu watu hawakuzisoma. Picha zako waliziona.

Tuache hayo, kuna kazi. Nataka kitabu kipya: Kitwitwi akue. Shingo irefuke, miguu inenepe, ukurasa hadi ukurasa, mpaka awe Pandikizi. Nahitaji michoro kabla ya Juni.

Na jambo la mwisho. Barua yako nimeisoma kwa taabu. Mistari inapanda mlima na kushuka, maneno yanapandana migongoni kama ng'ombe machinjioni. Mchoraji mzima kuandika hivi? Kama umeanza kunywa, sema.

Dada yako


21 Machi

Dada,

Safari hii nimetumia rula. Natumaini mistari imenyooka, Mheshimiwa Mwalimu.

Kwa hiyo mimi ni mlevi. Asante. Nimemwambia wifi yako, akaangua kicheko, kisha akaenda kufua nguo ambazo hazikuwa chafu.

Ngoja nikukumbushe kitu. Kabla ya Kitwitwi ulikuwa nani? Ulikuwa mwanamke mwenye vumbi kwenye nyusi, unapanga mifupa kwenye kijichumba chini ya ngazi, mkataba unaisha kila mara unapoanza kuuzoea. Makala zako zilisomwa na wewe, na mhariri, na adui yako mmoja. Mimi nikakichukua kimifupa chako, nusu fuvu, mguu, na vipande vya mkia, nikakivika ngozi. Nikakipa mabaka mgongoni. Nikakipa ile namna ya kusimama mguu mmoja mbele kama kinataka kukimbia na kinaogopa kukosa uhondo. Hapo ndipo redio ilipokuita. Hapo ndipo ulipoanza kuwa Shangazi wa taifa zima.

Na maneno "mnyama mzima asiyezidi mbuzi kwa kimo" nani aliandika? Mimi? Mimi hata sijui kupima mbuzi.

Jumapili nilifungua redio saa ya kipindi chako. Wakapiga muziki wa dansi. Nikangoja, nikadhani wamechelewa. Wakapiga mwingine. Basi nikacheka, Dada. Nikacheka mpaka wifi yako akatoka jikoni na mwiko. Umemuua mtoto wa watu, kumbe kaburi lina nafasi ya wawili.

Sasa unataka nimchore akikua. Kana kwamba mkono wangu ni bomba, unafungua tu yanatoka.

Sichori. Si kabla ya Juni, si baada ya Juni. Usiniulize sababu na usinitumie picha za mifupa. Tafuta mchoraji mwingine, wako tele. Huenda wao michoro yao haipotoshi.

Wino


2 Aprili

Wino,

Sawa. Nimepata mchoraji mwingine. Ni binti aliyemaliza chuo juzijuzi. Hana mkono wako, lakini anapokea simu.

Ulicheka kipindi changu kilipozimwa. Nikuongezee kicheko. Mkurugenzi aliniwekea tamko mezani: niseme utafiti bado unaendelea, na Kitwitwi ni Kitwitwi mpaka itakapotangazwa vinginevyo. Kalamu ameshaifungua mwenyewe. Sikutia sahihi. Kesho yake nikakuta meza yangu imehamishiwa ghalani, kati ya masanduku ya makombe ya konokono na jenereta bovu. Walinzi walionisindikiza na mwavuli mvua ikinyesha sasa wananiomba kitambulisho. Na wale wa Daktari wa Vikatuni wanapita mlangoni kusema, "Si ulitaka kupendwa na watoto?"

Huku chini nilimtegemea mtu mmoja asimame upande wangu. Mmoja tu. Akacheka.

Basi nikuambie ninachokiamini, maana nimechoka kukibeba. Umezoea, Wino. Mnyama mmoja, mkao mmoja, kitabu hadi kitabu. Katika kitabu cha mwisho hata mabaka ya mgongoni uliyaacha nusu; nikadhani ni mtindo mpya, kumbe ni uvivu. Uliona kwamba watu wananunua hata kisichokamilika, ukajilaza. Mimi nimekubali kuanza upya katika umri huu, mbele ya watu wanaonizomea. Wewe huwezi kunyanyua penseli. Mchoraji anayeogopa kuchora upya ni mtu aliyeacha kuona.

Nakurudishia michoro yako yote ya asili. Nilikuwa nimeitunza kwenye droo ya chuma pamoja na mifupa yenyewe, lakini ghalani kuna unyevu. Itandaze mezani, uwashe taa, uitazame vizuri. Labda utaona ninachokiona.

Dada


10 Aprili

Wifi,

Shikamoo. Naanza na heshima kwa sababu huko mbele itapungua.

Barua zako ninazisoma mimi. Yeye anakaa kwenye kiti cha dirishani, mimi nakaa ukingoni mwa kitanda, namsomea mume wangu matusi ya dada yake, neno kwa neno, maana nikiruka anajua. "Rudi hapo," ananiambia, "umemeza kitu." Ile sehemu ya mtu aliyeacha kuona amenirudisha mpaka nikaijua kwa moyo. Mimi ni fundi cherehani, wifi, si mtu wa maneno. Lakini nakuambia, siku ile nilitamani ungekuwa karibu nikupime koti la sindano.

Mdogo wako haoni.

Ilianza pembeni. Akawa anagonga fremu za milango, tunamcheka. Akawa anamwaga chai nje ya kikombe, tunamwita mzee. Tulipokwenda hospitali daktari akasema ni presha ya macho, imekula mshipa, na kilicholiwa hakirudi. Jicho la kushoto limezimika kabisa. La kulia limebaki kama kuchungulia kwenye tundu la ufunguo, na tundu lenyewe linajaa ukungu. Kitabu cha mwisho alikichora pua ikigusa karatasi. Yale mabaka hakuyamaliza kwa sababu hakujua kwamba hajayamaliza. Mimi niliona. Nilikuja na chai, nikaona, nikaiweka chai mezani, nikatoka.

Januari hakuwa amelala. Alikuwa amesimama nyuma ya mlango, mkono kwenye kitasa, anakusikiliza unavyokunywa chai. Alisema akitoka atapapasa ukuta, nawe utajua. Simu zako hapokei kwa sababu hiyohiyo: anasema ukimsikia sauti tu utamgundua, ulimlea.

Barua ya kwanza aliiandika mwenyewe, alikataa katakata nisimshikie mkono. Ukamwita mlevi. Ya pili akaegemeza kalamu kwenye rula, mstari kwa mstari, asubuhi nzima.

Kifurushi chako kilifika. Akakifungua mwenyewe. Akapitisha vidole juu ya kila karatasi, polepole, akitafuta pale kalamu ilipokwaruza. Huyu anakunywa maji. Huyu anakimbia. Huyu amesikia kitu nyuma yake. Mimi nimesimama natazama, na kila alichosema ndicho kilichokuwapo. Alipofika ya mwisho akasema, "Hizi ndizo nilizonazo. Hakuna nyingine zitakazokuja. Na Dada amesimama redioni akasema ni za uongo."

Nimeelewa pale anachokasirikia. Mifupa yako hana ugomvi nayo. Wewe umekosea, utasahihisha. Una macho, una mikono, una ghala zima la mifupa. Yeye kosa lake litabaki hivyohivyo.

Aliniapisha nisikuambie. Nimekuambia. Tutakaogombana ni mimi na yeye, humu ndani, nawe usijitie.

Wifi yako


16 Aprili

Wino,

Wifi, msomee kwa sauti, na usiruke neno hata moja.

Mpumbavu wewe. Mpumbavu uliyekubuhu, na kwa kuwa mimi ndiye niliyekubeba mgongoni wakati Mama yuko kazini, sehemu ya lawama naichukua, lakini iliyobaki ni yako na ni kubwa. Ulisimama nyuma ya mlango! Mimi nipo sebuleni, nakunywa chai isiyo na sukari kwa sababu wifi alisahau kuitia, nami najiuliza nimekukosea nini. Ungefungua tu. Ungegonga ukuta, ungeanguka juu yangu, ningejua. Umeniacha nikakuandikia yale niliyokuandikia. Ukaniacha nikayaambia macho yako yawashe taa. Sitakusamehe hilo upesi, na usitarajie.

Sasa nakuambia mambo mawili, na la kwanza halitakufurahisha.

Utafiti siurudishi. Usiniombe. Hata kwa macho yako siwezi. Mfupa umesema ulichosema. Kama ningekuwa mtu wa kuufunika ili ndugu yangu apate faraja, basi yote niliyowaambia watoto Jumapili hadi Jumapili ni porojo, na mkurugenzi ndiye aliyekuwa sahihi tangu mwanzo.

La pili. Niliposema michoro ilitupotosha, nilijua ni uongo wakati neno linatoka mdomoni. Ulikuja kwenye kile kijichumba chini ya ngazi na karatasi tupu. Ukaniuliza, "Dada, huyu ana umri gani?" Nikakujibu, "Mzima," bila hata kumeza mate. Sikuwa nimekata mfupa. Sikuwa na ushahidi wowote. Nilikuwa na mkataba unaokwisha, na mtoto wa mnyama ambaye ameshajulikana hampi mtu kazi. Mnyama mpya anampa. Nilimtaka awe mzima. Wewe ulichora nilichokitaka mimi, na ulikichora vizuri mno, hata mimi nikakiamini.

Makumbusho wamenikatalia ukumbi. Nitazungumza tarehe 10 Mei katika ukumbi wa chuo cha ualimu, saa nane mchana, na hilo nitalisema mbele ya watu. Njoo ulisikie.

Nimeweka lenzi ya kukuzia katika bahasha. Ni ile yangu nzuri, ya mezani.

Dada yako


25 Aprili

Dada,

Anayeandika ni wifi yako, anayesema ni mimi. Amenituliza mara mbili kabla hatujaanza, kwa hiyo usione barua hii ina adabu ukadhani ni yangu.

Lenzi nimeirudisha. Unataka nikuze giza?

(Wifi, hapa amesema neno. Nimeliruka. Kwa barua hii sikuagizwa na mtu nisiruke.)

Nimesikia maelezo yako ya karatasi tupu. Nilikuwa nakumbuka. Nimekaa tangu ile siku ya kinyozi nangoja uone wewe mwenyewe, na ningekufa nangoja kama wifi yako asingekuwa na mdomo. Na usidhani kukiri barua moja kunafuta. Redioni ulisema kwa watu wote. Barua nimesomewa mimi peke yangu, mlango umefungwa.

Michoro chukua, nakupa ruhusa, itumie yote katika kitabu chako. Lakini maneno yako ya zamani yabaki palepale pembeni yake. "Mnyama mzima asiyezidi mbuzi kwa kimo." Usiyafute, usiyapunguze makali. Ukweli wako mpya uuweke chini yake, na majina yetu yote mawili juu. Tulikosea wote wawili. Sitaki mimi niwe mchoraji aliyekosea, wewe uwe mtaalamu aliyegundua.

Na macho yangu usimtajie mtu. Watasema maskini. Kisha watasema, ndiyo maana alikosea, hakuwa anaona. Nilipomchora Kitwitwi nilikuwa naona mpaka vinyweleo vya nzi. Kosa lile nililifanya kwa macho yangu mawili, na silitolei kisingizio.

(Hapa nimemletea maji, amesema hana kiu, ameyanywa.)

Wifi yako amenieleza ule mchoro wa yule binti mchoraji wako uliotutumia. Anasema Pandikizi amekanyaga na kisigino chini, kama mama anayetoka sokoni. Mwambie anyanyue. Wanyama hawa walikwenda kwa vidole, wewe mwenyewe ndiye uliyenifundisha, tena ulinichapa na penseli. Au siku hizi hufundishi?

Mhadharani siji. Sina muda wa kukaa kwenye kiti cha plastiki nikihurumiwa.

Wino
(Nimemshikia mkono hapo kwenye jina. Safari hii hakukataa.)


3 Mei

Wino,

Nimekubali yote mawili. Kisigino kimenyanyuliwa, binti alilia kidogo, kisha akachora kizuri zaidi.

Mkurugenzi ameniita leo. Habari za mhadhara zimemfikia. Amesema nikizungumza tarehe 10, tarehe 11 nisirudi. Nikamuuliza kwa sababu ipi. Akasema, "Kwa kuaibisha makumbusho." Nimefanya kazi humo tangu nywele zangu zikiwa nyeusi zote. Nilifagia ukumbi ule siku wafagiaji walipogoma. Nikasimama nikitafuta neno la kumjibu, la maana, la kumkaa kooni. Unajua lililotoka? Nikamwambia tai yake imechafuka. Na haikuwa imechafuka. Alijitazama kifuani mpaka nikafika mlangoni.

Nitazungumza.

Usipokuja, usije. Nimeshachoka kukubembeleza.

Dada


14 Mei

Dada,

Nilikuja.

Tuliketi nyuma kabisa, karibu na mlango. Kiti hakikuwa cha plastiki, kilikuwa cha mbao, na kina msumari. Wifi yako alitaka tukae mbele, nikamwambia mbele wanakaa wanaojipendekeza. Ukumbi ulijaa. Sikuuona, nilisikia tu joto lake na watoto wakipiga teke migongo ya viti.

Nilisikia yote. Ulipoanza na zile pete za mfupa sauti yako ilikuwa ya darasani, kavu, nikasema huyu ataharibu, watoto watalala. Kisha akasimama yule mtu mwenye sauti nene. Wifi yako aliniambia ni mmoja wa wenzako, ana suti na miwani ya kuning'inia. "Kwa hiyo Daktari, miaka yote hii umekuwa ukiwadanganya watoto wetu? Au ndiyo tuseme michoro ilikupotosha?" Watu wakacheka. Nikashika kiti cha mbele yangu. Nilitaka kusimama, na kama ningesimama ningekwenda upande usio wake, maana sauti yake ilikuwa inarudi kutoka ukutani.

Ukasema, "Michoro haikumpotosha mtu. Mchoraji aliniuliza umri wa mnyama huyu, nami nikamjibu nisichokijua, kwa sababu nilitaka kazi. Niliposema redioni ni michoro, nilisema uongo. Mchoraji ni ndugu yangu, na bado hajanisamehe. Endelea na swali lako." Nikasikia kiti cha yule bwana kikilia, ameketi.

Nilidhani hapo ndipo hasira itanitoka. Haikutoka. Nimeikagua, ipo. Lakini imegeuka kutazama upande mwingine. Jana wifi yako alinisomea gazetini kwamba walinzi walikuzuia langoni, ukaomba angalau mswaki wako wa kusafishia mifupa, wakakunyima. Mswaki! Nimekasirika mpaka nimeshindwa kula. Nimemwambia wifi yako aniandikie barua kwa mkurugenzi, amekataa, anasema maneno niliyomtajia hajui tahajia yake.

Kitabu hicho tutakitoa, wakipenda wasipende. Yule binti mlete hapa na karatasi zake. Nitamwambia ninavyomwona Kitwitwi anakua, wapi shingo inaanza kumlemea, siku gani anashindwa kusimama mguu mmoja mbele. Achore. Wewe kaa pembeni usimamie mifupa, na kama hujui kitu, sema hujui. Mchapishaji akikataa, tutatafuta mwingine. Lakini maneno yako ya zamani, nimeyasikia upya wifi yako akiyasoma: hata yangekuwa ya kweli, ni mabaya. "Asiyezidi mbuzi kwa kimo"! Hayo ndiyo ulistahili kufukuzwa kazi kwa ajili yake.

Sikukusalimia mwisho. Nilikuwa bado na yangu moyoni, na mlango ulikuwa karibu. Nilitoka baada ya swali la yule mtoto wa kike wa safu ya mbele. Alikuuliza, "Kwa hiyo Kitwitwi alikufa bado mdogo?" Ukasema ndiyo. Akauliza, "Mama yake alijua?" Nikasikia ukipekua karatasi zako. Watu wakadhani unafikiri. Halafu ukasema, "Sijui. Mfupa haujaniambia," na ukaomba radhi kwa mafua.

Dada, siku nyingine ukitaka kulia mbele za watu, zima maikrofoni kwanza. Ukumbi mzima ulikusikia ukivuta makamasi, na ni mimi peke yangu niliyejua huna mafua.

Mdogo wako,
Wino